JE, NI KWELI AJALI HAINA KINGA?

Makala haya yametokana na mjadala tulioufanya bwaloni muhula uliopita, ambao mada yake ilikuwa "Ajali haina kinga." Mimi nilikuwa msemaji wa pili upande wa watetezi. Waliokuwako watakumbuka nilivyopigiwa makofi. Nilisema kwamba hata mwenye gari jipya hufa, hata aliyeketi nyumbani kwake hufa, na kwamba siku ikifika imefika. Upande wetu ukashinda kwa kura nyingi, nami nikatoka nimevimba kichwa si haba.

Nilipokuwa narudisha viti, mama mmoja wa jikoni aliyekuwa akisikiliza kupitia dirisha la kugawia chakula aliniita. Wengi wetu twajua kwamba mwanawe aligongwa na matatu hapo nje barabarani miaka kadhaa iliyopita, akitoka kununua mafuta ya taa, na hakupona.

"Kijana wangu, umeongea vizuri sana," akaniambia. "Lakini nikuulize. Huyo dereva alikuwa anakimbia hivyo akienda wapi? Na hiyo mbio yake pia haina kinga?"

Sikuwa na jibu. Nilisema tu, "Pole, mama," nikaenda zangu. Basi mwalimu mlezi wa chama aliponiomba makala ya gazeti la mwaka huu, nikaamua kuandika yale ambayo ningepaswa kuyajua kabla ya kusimama mbele ya watu na kubwabwaja.

Tuanze na neno lenyewe, maana hiki ni chama cha Kiswahili. Neno "ajali" asili yake ni Kiarabu, na huko maana yake ni muda uliowekwa, hasa siku ya mtu ya kufa. Hata katika Kiswahili cha zamani ajali ilikuwa na maana hiyo ya mauti yaliyokwisha kuandikwa. Kwa hivyo kila tunaposema "ajali ya barabarani" ni kama tumetoa hukumu kabla kesi haijasikizwa. Tazama pia jinsi tunavyosimulia mambo haya. "Gari lilipoteza mwelekeo." "Breki zilikataa." Gari ndilo mtenda, na dereva hayumo kabisa katika sentensi! Breki zilikataa, lakini nani alikataa kuzikagua? Naye mwenda kwa miguu akitajwa husemwa "aligongwa alipokuwa akivuka," kana kwamba kosa ni kuvuka. Walimu wetu wa sarufi wametufunza kukitafuta kiima; hapa kiima kimefichwa. Jamani msinielewe vibaya, mimi sishindani na Mungu. Nasema tu kwamba jambo linalowapata watu wale wale, mahali pale pale, mwaka baada ya mwaka, haliwezi kuwa bahati nasibu.

Sasa hesabu. Shirika la Afya Duniani, katika ripoti yake ya mwaka 2023, lilikadiria kwamba mnamo 2021 watu milioni 1.19 walikufa barabarani duniani kote. Nambari kubwa namna hii hupita masikioni kama upepo, kwa hivyo nilichukua kalamu nikaigawanya. Ni zaidi ya watu 3,200 kwa siku, au kama 136 kwa saa. Kipindi kimoja cha dakika 40, tangu mwalimu aingie hadi kengele ilie, wamekwisha watu 90. Shule yetu ina wanafunzi karibu 900. Sote tungemalizika kati ya chai ya saa nne na chakula cha jioni. Na hao ni waliokufa tu. Walioumia wanakadiriwa kuwa kati ya milioni 20 na milioni 50 kila mwaka, wengine wakibaki vilema wa maisha.

Je, ni akina nani hao? Hapa ndipo nilipoona aibu ya mjadala wangu. Kama ajali ingekuwa haina kinga kwelikweli, tungetarajia wenye magari mengi wafe wengi. Mambo ni kinyume. Katika kila watu 100 wanaokufa, 92 ni wa nchi zenye kipato cha chini na cha kati. Nchi maskini kabisa zina chini ya asilimia 1 ya magari yote ya dunia, lakini mtu wa huko ana hatari ya kufa barabarani mara 3 kuliko mtu wa nchi tajiri. Yaani magari ni yao, vifo ni vyetu! Bara letu la Afrika ndilo lenye kiwango cha juu kuliko yote, zaidi ya watu 19 katika kila watu 100,000, ilhali Ulaya ni kama 7. Tena kutoka 2010 hadi 2021 vifo vya Ulaya vilipungua kwa zaidi ya thuluthi moja, na vya Afrika vikaongezeka.

Sasa tuwachukue wale waliokufa tuwaulize walikuwa wakisafiri vipi. Katika kila 100, waliokuwa ndani ya magari madogo ni kama 30. Waliokuwa wakitembea kwa miguu ni 23. Waliokuwa juu ya pikipiki na vyombo vya magurudumu matatu ni 21, wa baisikeli 6. Kwa hiyo nusu nzima ya wanaouawa hawakuwa na bati lolote la kuwazunguka. Wengi wao hawajawahi kumiliki gari na pengine wasingewahi.

Ama kuhusu umri, wenzangu, tusikilizane vizuri. Kwa watoto na vijana wa miaka 5 hadi 29, hakuna kitu duniani kinachoua wengi kuliko barabara. Si malaria, si ukimwi. Sisi tumo humo. Na wavulana tumo zaidi, maana wanaume hufa mara 3 kuliko wanawake, jambo ambalo halitamshangaza yeyote aliyewahi kuona wavulana wa shule wakining'inia mlangoni pa matatu siku ya kufunga.

Mambo haya si mapya. Mnamo tarehe 31 Agosti 1869 huko Ireland, mama mmoja mwanasayansi aitwaye Mary Ward alianguka kutoka kwenye gari la mvuke akakanyagwa na gurudumu. Ndiye anayetajwa kuwa mtu wa kwanza kuuawa na gari. Gari la petroli la Karl Benz lilikuja 1886, na miaka 10 tu baadaye, tarehe 17 Agosti 1896, Bridget Driscoll akagongwa London akitembea kwa miguu. Hakuna kati yao aliyekuwa ameshika usukani. Nimeyataja kwa sababu hayajatoka akilini mwangu tangu niyasome.

Turudi nyumbani. Halmashauri yetu ya usafiri na usalama barabarani, NTSA, ilihesabu vifo 4,748 nchini Kenya mwaka 2024. Wanaoongoza katika orodha hiyo, kama kawaida, ni wanaokwenda kwa miguu. Lakini hata hesabu yenyewe ina mashaka. Mwaka 2016 vifo vilivyoandikishwa rasmi vilikuwa 2,965, nalo Shirika la Afya Duniani likakadiria kwamba vilikuwa 13,463. Tofauti kubwa namna hiyo yatoka wapi? Sababu moja si ngumu kuona. Polisi huandika aliyekufa pale pale. Aliyebebwa kwenye pikapu hadi hospitalini, akalala siku 9, kisha akafa usiku, anaweza kuandikwa hospitalini tu na asifike kamwe kwenye kitabu cha barabara, ingawa kanuni ya kimataifa inasema ahesabiwe akifa ndani ya siku 30. Mwana wa yule mama alilala siku 11. Sijui kama alihesabiwa.

Pia kuna wale ambao hata hawakuwa safarini. Jioni ya Ijumaa, tarehe 30 Juni 2023, katika njia panda ya Londiani, lori lililobeba kontena liliacha barabara na kuyavamia matatu yaliyoegeshwa, wanabodaboda na wachuuzi waliokuwa wakiuza bidhaa zao kando ya lami. Zaidi ya watu 50 walikufa. Mtu alikuwa ameketi akiuza mboga! Atakwambia nani kwamba afunge mkanda? Watu husema wachuuzi wanajitakia, lakini mchuuzi huenda mahali penye wateja, na wateja hushukia stejini, na steji huwekwa kando ya barabara kuu. Hakuna aliyewatengea mahali pengine pa kukaa. Ni kama lile la madaraja ya juu ya wapita njia kwenye barabara kuu ya Thika, iliyokamilika 2012. Wanaovuka chini huitwa wavivu. Mimi nimewahi kuvuka huko na shangazi akiwa na mtoto mgongoni na gunia la viazi kichwani, na baada ya kupanda na kushuka ngazi zile sikumwita mtu mvivu tena.

Kuna fundisho la fizikia humu ambalo mwalimu wetu angefurahi nikilieleza. Nishati ya kitu kinachokwenda huongezeka kwa kipeo cha pili cha mwendo wake. Dereva akitoka kilomita 40 kwa saa akaenda 60, mwendo umeongezeka kwa nusu tu, lakini kishindo chake ni zaidi ya mara mbili. Mwili wa binadamu haujui sheria za barabarani, unajua kishindo tu. Watafiti wamekadiria kwamba mtu akigongwa na gari lililo katika kilomita 65 kwa saa badala ya 50, hatari ya kufa huwa mara 4.5. Tofauti ya kilomita 15 tu! Aidha, gari la kilomita 60 kwa saa hupita karibu mita 17 kila sekunde. Dereva akiona mtoto, akashtuka, mguu ukahama kwenda kwenye breki, pengine sekunde moja na nusu imepita. Mita 25 zimekwenda na gari bado halijaanza kupunguza mwendo.

Mimi na rafiki yangu tulichukua kamba ya uwanja wa riadha tukapima mita 100 kando ya ua wa shule, tukaweka alama kwenye mikaratusi miwili, tukaketi na saa ya mchezo. Magari mengi tuliyoyapima yalitumia sekunde 4 au 5. Fanyeni hesabu wenyewe: sekunde 5 ni kilomita 72 kwa saa, sekunde 4 ni 90. Hapo ni sokoni, ambapo sheria yetu inataka 50. Tungeendelea kupima lakini mwalimu wa zamu alituona akadhani twataka kutoroka. Hayo ni mengine.

Basi kinga ipo ama haipo? Ipo, na imejaribiwa. Tarehe 15 Desemba 2007 nchi ya Vietnam, ambako pikipiki ni kama sisimizi, ilianza kumlazimisha kila mpanda pikipiki kuvaa helmeti katika barabara zote. Waliovaa walikuwa chini ya nusu. Kwa muda mfupi sana wakapita asilimia 90. Helmeti nzuri iliyofungwa kidevuni hupunguza sana hatari ya kufa. (Nasema iliyofungwa, maana wanabodaboda wa hapa huitundika kwenye kiwiko, kana kwamba akili ziko huko.) Uswidi nayo, bunge lake lilipitisha mwaka 1997 kwamba shabaha yao ni asife mtu hata mmoja barabarani, na kwamba anayeijenga barabara ana wajibu sawa na anayeitumia. Binadamu atakosea, walisema, basi barabara ijengwe ili kosa lisiwe kifo. Na katika jiji la Oslo, mwaka 2019, hakuna hata mwenda kwa miguu mmoja wala mpanda baisikeli aliyeuawa. Walipunguza mwendo wa magari mjini, wakaondoa maegesho mengi, wakaweka mitaa isiyopitwa na magari karibu na shule. Hawakuomba dua zaidi yetu.

Wala tusidhani ni wazungu tu wawezao. Wazazi wetu wanakumbuka Februari 2004, wakati waziri John Michuki alipoyatia matatu adabu: kifaa cha kudhibiti mwendo kisizidi kilomita 80 kwa saa, mkanda kila kiti, abiria 14 basi. Baba anasema alikuwa akipanda matatu bila kukaliwa mapajani, akaona ni miujiza. Baadaye mambo yakalegea. Vifaa vikachezewa, na leo kondakta akikwambia "songa kidogo, sameni sameni" ukikataa wewe ndiwe mbaya.

Nilirudi kwa yule mama jikoni wiki mbili zilizopita, nikamweleza haya kwa kifupi. Alisikiliza huku akichambua maharagwe. Kisha akaniuliza kama hayo matuta ya barabarani ni ghali. Nilimwambia sijui bei, lakini lami ya kutosha ilikuwepo walipokuwa wakiziba mashimo mwaka jana.

Chama kimeandika barua kwa ofisi inayohusika na barabara kuomba matuta mawili na kivukio chenye mistari mbele ya lango letu. Mwalimu mlezi ataipeleka mwenyewe Jumatatu baada ya sikukuu ya katikati ya muhula. Nakala imebandikwa kwenye ubao wa chama, karibu na maktaba, na nafasi ya sahihi imeachwa chini. Kufikia jana jioni zilikuwa 214. Ya kwanza ni ya mama wa jikoni.