Nafsi ya Kwanza katika Filamu ya Safari: Mfano wa Rostov-Luanda

Wanafunzi wa fasihi hufunzwa mapema kumtenganisha mtunzi na msimulizi. Kanuni hiyo hutatizika pale mwelekezi wa filamu ya hali halisi anaporekodi safari yake mwenyewe, kwa kuwa msafiri, msimulizi na mtunzi ni mtu mmoja. Makala haya yanaichunguza filamu ya Abderrahmane Sissako, Rostov-Luanda (1997), na kushikilia kuwa hata hapo "mimi" ni mhusika aliyesukwa.

Sissako alizaliwa Kiffa, Mauritania, mwaka wa 1961. Mwanzoni mwa miaka ya 1980 alikuwa Rostov, katika Muungano wa Kisovieti, akijifunza Kirusi kabla ya kusomea filamu Moscow. Huko alifanya urafiki na Mwangola aliyewahi kupigania ukombozi wa nchi yake. Miaka mingi baadaye anakwenda Angola kumtafuta, akiwa na picha ya zamani ya wanafunzi wenzao.

Picha hiyo ndiyo uti wa mgongo wa muundo. Wengi wanaoonyeshwa hawamjui mtu huyo, lakini swali linalomhusu mmoja huwafungulia mlango wa kujisimulia: uhuru wa 1975, vita vilivyoufuata, jamaa walioondoka na wale waliobaki. Kadiri utafutaji unavyokwama ndivyo filamu inavyojaa watu. Mwelekezi asiye na haraka ya kufika (na hili ni nadra katika filamu zinazotengenezwa na wageni kuhusu Afrika) hugeuka msikilizaji, na "mimi" yake husinyaa kwa makusudi.

Lipo pia suala la wakati. Kamera huona ya siku ile tu; haijui kesho. Sauti ya msimulizi hutiwa baadaye, wakati wa uhariri, na tayari inaujua mwisho. Msimulizi wa filamu ya safari hulazimika basi kujifanya hajui alijualo. Mhakiki wa riwaya ataitambua mara moja mbinu hiyo: ni taharuki. Katika Rostov-Luanda rafiki anapatikana hatimaye, lakini si Angola; anaishi Ujerumani.

Fasihi ya Kiswahili inayo kumbukumbu ya kulinganishwa na hii. Salim bin Abakari alisafiri Urusi na Siberia mwaka wa 1896, na masimulizi yake yakachapishwa Göttingen mwaka wa 1901 katika mkusanyo wa Carl Velten, Safari za Wasuaheli. Yeye naye husema "mimi". Hata hivyo, njia ilichaguliwa na bwana wake Mjerumani, na maandishi yakapitia mikononi mwa Mjerumani mwingine. Anayeisoma kazi hiyo hana budi kuuliza, katika kila ukurasa, ni wapi Salim aliachwa aangalie kwa macho yake mwenyewe. Swali hilo hilo aulizwe pia mwenye kamera, ingawa yeye anayo picha mfukoni na njia ni yake.