Paka Ambaye Hakuwako: Vitate na Misimu ya Kiingereza

Na Mwanachama wa Kidato cha Tatu

Wahenga walisema heri kujikwaa dole kuliko kujikwaa ulimi. Mimi nilijikwaa ulimi, na aliyekaribia kulipa ni ndugu yangu mdogo.

Ilikuwa likizo ya Agosti. Ndugu yangu alikuwa akiruka ua, bati likamkata mguuni. Mama akamfunga leso, tukakimbia zahanati. Kumbe siku hiyo zamu ni ya daktari mgeni kutoka ng'ambo, Kiswahili hajui hata chembe. Mama akanisukuma mbele. "Wewe si ndiye unasoma sekondari? Haya, mweleze."

Nami kwa majivuno nikasema, "Bad cut, doctor!"

Daktari akakunja uso. Akauliza paka huyo ni wa nani, yuko wapi, na kama alionekana mgonjwa. Kisha akaanza kueleza habari za sindano za kichaa cha mbwa, kwa kuwa paka naye huweza kuambukiza ugonjwa huo, na sindano zenyewe si moja. Nilipomtafsiria mama, aliruka. "Paka gani tena? Sisi tunafuga kuku!" Akafungua leso mwenyewe, daktari akaliona jeraha limenyooka kama mstari wa rula. Alicheka, akalisafisha, akalishona. Ndugu yangu akadungwa sindano moja tu, ya pepopunda.

Usiku ule sikulala vizuri. Nilifungua daftari langu la Kiswahili, na jibu likawa mle mle, chini ya kichwa "Vitate". Tunajua kwamba fua si vua, na pacha si bacha. Basi Kiingereza nacho kina vitate vyake, tena vya kututega sisi hasa.

Sababu ni hii. Kiswahili kina irabu 5 tu. Kiingereza sanifu cha Uingereza huhesabiwa kuwa na sauti za irabu zipatazo 20, ingawa herufi za irabu ni zile zile 5. Kwa hiyo sauti nyingi za Kiingereza sisi huzisukuma zote ndani ya "a" yetu moja. "Cat" ni paka, "cut" ni mkato, "cart" ni mkokoteni. Kinywani mwangu zote zilikuwa "kat". Katika "cat" mdomo hupanuka, sauti ikaelekea "e". Katika "cut" sauti ni fupi, na mdomo haupanuki. Katika "cart" sauti ni ndefu, kama ile "aaa" ya kuonyeshwa daktari koo.

Laiti mambo yangeishia hapo! Baada ya kamusi kuna mtaa, na mtaani maneno haya huvaa nguo nyingine. Hiyo ndiyo misimu. Tazama mifano hii:

1. "Cat" katika kamusi ni paka. Kwa wanamuziki wa jazi wa Marekani ni mtu, hasa mpigaji muziki mwenzao. "Cut" nayo huweza kuwa mgao wa mtu katika pesa.

2. "Bad" ni mbaya, lakini katika misimu ya Wamarekani weusi huweza kumaanisha kizuri mno! "Bud" ni tumba la ua, na mtaani Marekani ni rafiki. "Bird" ni ndege, na kwa vijana wa Uingereza imetumika kumaanisha msichana. Tena huko "kufanya bird" ni kutumikia kifungo. Watunzi wa mashairi, sikieni: ulimbo wa kunasia ndege huitwa "bird-lime", na kina chake ni sawa na cha "time", yaani muda wa kifungo. Watu wa London wakaacha nusu ya pili, ikabaki "bird".

3. "Cap" ni kofia, na siku hizi kwa vijana ni uongo. "Cup" ni kikombe. "Cop" ni polisi, na Mmarekani akiitamka, sisi husikia "kap"! Katika kamusi "cop" pia ni kitenzi chenye maana ya kukamata. Kwa hiyo polisi ni mkamataji.

Hapo nilicheka peke yangu. Sisi nasi tuna "mshikaji". Kwa kamusi ni yule anayeshika, mtaani ni rafiki. Mshikaji wao anakutia pingu, mshikaji wetu anakununulia mandazi.

Wenzangu, sisemi tuache misimu. Nasema kila neno fupi liulizwe maswali matatu kabla halijatoka kinywani: Linatamkwaje? Kamusi inasemaje? Na huyu ninayezungumza naye, mtaa wake unasemaje? Ukikosa hata jibu moja, ongeza maneno. Laiti ningesema kwamba bati limemkata mguu, paka asingeingia zahanati. Kuuliza si ujinga, na kueleza kwa kirefu si ushamba.

Zoezi: Mwambie jirani yako akutamkie "hat", "hut", "heart" na "hot", nawe uandike unachosikia. Ukipata yote manne, nakuvulia kofia, moyo wangu mweupe.

Ndugu yangu amepona, ila kovu lipo. Akitaka kunikasirisha mbele ya wageni, hulifunua mguuni na kulia, "Nyau!"