Damu Inavyosimama Baada ya Kujifungua

Ujauzito unapotimiza miezi tisa, zaidi ya nusu lita ya damu hupita kila dakika kwenye mji wa mimba. Yote ina kazi yake, kwa kuwa mtoto hupata hewa na chakula kupitia kondo la nyuma, na kondo hulishwa na mishipa ya mama iliyotanuka kwa miezi kadhaa mpaka ikawa mipana na milegevu. Mtoto akishazaliwa, kondo nalo hubanduka. Pale lilipokuwa limeshikamana hubaki jeraha pana lenye midomo mingi ya mishipa iliyo wazi. Kama mishipa hiyo ingeendelea kumwaga damu kwa kasi ileile, mama angeimaliza damu yake katika muda wa robo saa hivi.

Lakini wazazi walio wengi hupona, tena hupoteza kiasi ambacho mwili unakimudu, kwa kuwa damu ya mjamzito huongezeka kwa karibu nusu ya kawaida yake. Kabla ya kuuliza kwa nini baadhi yao huvuja damu hadi kufa, tuulize kwanza ni kitu gani huizuia damu kwa wengine wote.

Ukijikata kidole, damu huganda na kuziba kijeraha. Njia hiyo peke yake haitoshi katika mji wa mimba, kwa sababu bonge changa haliwezi kukaa mahali ambapo mkondo unapita kwa nguvu kiasi kile. Lazima mkondo wenyewe ukabwe kwanza, na anayeukaba ni msuli. Ukuta wa mji wa mimba umejengwa kwa nyuzi za misuli zinazopishana huku na huku, na mishipa ya damu hupenya katikati ya nyuzi hizo. Msuli ukijikunja, nyuzi huibana mishipa kutoka kila upande, kama kamba inavyoubana mdomo wa kiroba. Kuganda kwa damu hufuata baadaye, ndani ya mishipa ambayo tayari imenyongwa.

Ndiyo maana mkunga, hata kabla hajaitazama damu, huweka kiganja juu ya tumbo la mzazi. Akikuta karibu na kitovu kitu kigumu cha mviringo, anajua msuli unafanya kazi. Akikuta pamelegea, huanza kukanda palepale, kwa sababu msuli wa aina hii ukichokozwa kwa mkono hujikunja. Kulegea huko ndiko chanzo kikuu cha kutokwa na damu nyingi baada ya kujifungua. Vyanzo vingine ni michubuko na kuchanika kwa njia ya uzazi, vipande vya kondo vilivyosalia ndani, na hitilafu katika kuganda kwa damu. Mwaka 2023 Shirika la Afya Duniani lilikadiria kwamba tatizo hili lilikuwa likiua wanawake wapatao 70,000 kila mwaka, wengi wao Afrika kusini ya Sahara na Asia Kusini.

Msuli huo hupokea amri ya kujikunja kutoka kwenye ubongo. Mwaka 1906 Mwingereza Henry Dale alieleza kwamba dawa iliyokamuliwa kutoka tezi ndogo iliyo chini ya ubongo huufanya mji wa mimba wa paka ujikunje. Kitu kilichokuwa kikitenda kazi hiyo kiliitwa oksitosini. Miaka karibu hamsini baadaye, mwaka 1953, Mmarekani Vincent du Vigneaud aliitengeneza katika maabara, na mwaka 1955 akapewa Tuzo ya Nobel ya kemia. Molekuli yenyewe ni ndogo. Ni mnyororo wa asidi amino tisa tu, ambapo ya kwanza na ya sita zimeunganishwa na daraja la atomu mbili za salfa. Sita za mwanzo hufanya pete na tatu za mwisho huning'inia kama mkia. Umbo hilo huingia barabara katika vipokezi vilivyo juu ya seli za msuli, vipokezi ambavyo huongezeka sana uchungu unapokaribia. Kikipokea oksitosini, kipokezi hufungulia kalsiamu ndani ya seli, na kalsiamu ndiyo inayozifanya nyuzi zitelezeane na kujikunja.

Hapa pana jambo linalostahili kukumbukwa na kila anayefanya kazi leba. Vipokezi huchoka. Mama aliyewekewa dripu ya oksitosini kwa saa nyingi ili kuongeza uchungu anaweza kufika mwisho akiwa na msuli usioisikia tena amri hiyo vizuri. Kwa mzazi kama huyo, kuongeza dozi ya dawa ileile huenda kusisaidie kitu, na ni lazima njia nyingine ziwe karibu.

Turudi kwenye lile daraja la salfa, maana limewagharimu wanawake maisha yao. Joto na maji huishambulia oksitosini polepole. Daraja hukatika na kujiunga upya vibaya, molekuli mbili hushikana, na baadhi ya asidi amino hupoteza vikundi vyao vya nitrojeni. Umbo likiharibika, kipokezi hakiitambui tena. Kwa hiyo oksitosini hutakiwa kukaa kati ya nyuzi 2 na 8 za Selsiasi tangu kiwandani hadi kwenye bomba la sindano, na mnyororo huo baridi ukikatika katika ghala, barabarani au kwenye friji ya zahanati ambako umeme umekatika, kichupa hakionyeshi dalili yoyote. Dawa nzima na dawa iliyokufa zote ni maji maangavu. Tafiti za ubora wa dawa katika nchi mbalimbali za Afrika na Asia zimekuta sampuli za oksitosini zenye dawa pungufu kuliko ilivyoandikwa kwenye lebo. Mkunga aliyechoma sindano ya namna hiyo ametimiza kila alichofundishwa, na mama bado anavuja.

Wanakemia walilitafutia daraja hilo dawa. Katika molekuli iitwayo kabetosini, atomu moja kati ya zile mbili za salfa imeondolewa na mahali pake pamewekwa kaboni, na muungano wa salfa na kaboni haukatiki ovyo. Mwanzo wa mnyororo nao umepunguzwa ili vimeng'enya vya mwili visipate pa kuanzia kuutafuna. Oksitosini huisha nguvu katika damu kwa dakika chache, ilhali nusu ya kabetosini bado ipo baada ya dakika 40 hivi. Hata hivyo, kabetosini ya mwanzo nayo ilihitaji friji. Ilibidi watengenezaji wabadilishe pia kimiminika inachoyeyushwa ndani yake, pamoja na kiwango chake cha asidi, ndipo wakapata dawa inayoweza kukaa miaka mitatu katika nyuzi 30. Mwaka 2018 Shirika la Afya Duniani lilitoa matokeo ya jaribio lililohusisha wanawake karibu 30,000 katika nchi kumi, zikiwemo Kenya na Uganda. Waliopoteza nusu lita ya damu au zaidi, au waliohitaji dawa ya ziada ya kukaza msuli, walikuwa asilimia 14.5 kwa kabetosini na asilimia 14.4 kwa oksitosini. Katika jaribio hilo dawa zote mbili zilihifadhiwa kwenye baridi ili mtu yeyote asiweze kuzitofautisha, kwa hiyo kabetosini ilishindanishwa na oksitosini iliyotunzwa vizuri. Kwangu mimi kulingana huko ni ushindi, kwani katika zahanati isiyo na umeme wa uhakika mshindani halisi ni oksitosini iliyopigwa joto.

Msuli ukishakaza, zamu ya kuganda huja. Protini za damu hujisuka kuwa wavu wa faibrini unaonasa chembe na kufunga jeraha. Mwili hautaki wavu huo udumu milele, kwa hiyo una kimeng'enya cha kuufumua kiitwacho plazimini. Baada ya kujifungua, ufumuaji huu unaweza kushika kasi kupita kiasi, wavu ukavunjwa kabla haujakamilika. Plazimini hujishikiza kwenye faibrini kwa kutafuta asidi amino moja, lisini. Mtafiti wa Japani Utako Okamoto na mumewe Shosuke walifikiri kwamba wakipata molekuli ndogo inayofanana na lisini, itajaza nafasi za kushikia na kimeng'enya kitabaki hakina pa kushika. Mwaka 1962 walitangaza asidi ya traneksamiki. Okamoto aliiwazia tangu mwanzo kwa ajili ya wazazi wanaovuja damu, lakini hakufanikiwa kuwashawishi madaktari wa uzazi wa mji wake waijaribu. Alifariki mwaka 2016. Mwaka uliofuata yakatoka matokeo ya jaribio la WOMAN, lenye wanawake 20,060 katika nchi 21, na wazo lake likathibitika. Kati ya waliochomwa dawa ndani ya saa tatu tangu kujifungua, asilimia 1.2 walikufa kwa kuvuja damu, dhidi ya asilimia 1.7 ya waliopewa sindano isiyo na dawa. Baada ya saa tatu faida haikuonekana. Ingawa bei ya dawa hii ni ndogo, ilichukua zaidi ya nusu karne kumfikia mama aliyekusudiwa, na sioni sababu ya kisayansi ya kuchelewa huko.

Saa tatu hizo zinatupeleka kwenye swali ambalo maabara haiwezi kulijibu: mkunga anajuaje kwamba muda umeanza kuhesabiwa? Kwa desturi, damu nyingi ni nusu lita au zaidi ndani ya saa 24. Lakini damu ya uzazi haimiminiki kwenye kikombe. Huchanganyika na maji ya chupa na mkojo, hunywewa na pamba, huzama katika kanga na vitenge, hutiririka chini ya kitanda. Macho hukadiria, na yanapokadiria hupunguza, tena damu inavyozidi kuwa nyingi ndivyo kosa linavyokua. Mwili wa mama nao huficha. Kwa kuwa ana damu ya akiba, presha yake inaweza kubaki ya kawaida kwa muda mrefu, kisha ikaporomoka ghafla. Anayengoja presha ishuke ndipo aamini, amechelewa.

Jaribio la E-MOTIVE, lililoongozwa na Chuo Kikuu cha Birmingham na kuchapishwa mwaka 2023, lilishika jambo hili moja kwa moja. Lilifanyika katika hospitali 80 za Kenya, Tanzania, Nigeria na Afrika Kusini, kwa wanawake 210,132 waliojifungua kwa njia ya kawaida. Halikuleta molekuli mpya. Lilileta shuka la plastiki linalotandikwa chini ya mzazi mara mtoto anapozaliwa, lenye mfuko wa kukusanyia damu uliochorwa mistari ya vipimo. Mstari wa mililita 300 ni wa tahadhari na wa mililita 500 ni wa kuchukua hatua. Hatua zenyewe hutolewa pamoja: kukanda mji wa mimba, dawa ya kukaza msuli, asidi ya traneksamiki, dripu ya maji, na kumkagua mama kutafuta chanzo, huku msaada wa juu ukiitwa iwapo damu haisimami. Zamani hatua hizi zilifuatana, moja ikijaribiwa na kungojewa kabla ya nyingine kuanza, na damu ikipotea katika kungoja.

Hospitali za upande wa kulinganisha nazo zilipewa shuka la kukusanyia damu, ila lisilo na mistari, ili watafiti waweze kuipima baadaye. Damu ilikusanywa kote, lakini ni upande mmoja tu ambako mkunga aliweza kuisoma papo hapo. Matokeo yake, upande wenye mistari uligundua asilimia 93.1 ya waliokuwa wakivuja damu nyingi, na upande wa pili asilimia 51.1. Karibu nusu ya waliovuja upande huo walipoteza nusu lita mbele ya watu waliosomea kazi hiyo, na haikutambuliwa. Silioni kosa hilo kuwa la wakunga, maana walipewa macho peke yake kufanya kazi ya kipimo. Waliopata hatua zote walikuwa asilimia 91.2 dhidi ya 19.4. Na kati ya wazazi wote, waliofikia kuvuja lita moja au zaidi, kufanyiwa upasuaji kwa ajili ya damu, au kufa kwa kuvuja damu walikuwa asilimia 1.6 dhidi ya 4.3. Tofauti hiyo kwa sehemu kubwa ni ya uvujaji mkali, kwani vifo vyenyewe vilikuwa vichache mno kutoa jibu la pekee.

Mwaka 2023 huohuo, jaribio la WOMAN-2 lilijaribu kuwapa asidi ya traneksamiki kama kinga wazazi wenye upungufu wa damu wa kati au mkubwa, wakiwemo wa Tanzania, kabla hawajaanza kuvuja. Waliovuja damu nyingi walikuwa asilimia 7.0 kwa dawa na 6.6 bila dawa, yaani hakuna faida. Dawa iliyookoa maisha ya waliokuwa tayari wanavuja haikuwakinga ambao hawajaanza. Naona matokeo haya yanaongeza uzito wa lile shuka, kwa sababu kama dawa haiwezi kutangulia, basi ni lazima mtu aone mapema wakati wake umefika.

Mwaka 2025 Shirika la Afya Duniani na mashirikisho ya kimataifa ya madaktari wa uzazi na wakunga yalibadili mwongozo: hatua zianze damu ikifika mililita 300 iwapo mapigo ya moyo au presha vimeanza kubadilika, bila kungoja nusu lita. Bado shuka na vipimo hivyo vinahusu uzazi wa kawaida. Kwenye upasuaji, damu huingia katika mashine ya kufyonza pamoja na maji ya chupa, nyingine hunywewa na vitambaa vya chumba cha upasuaji, na hakuna shuka la kutandika chini ya mgonjwa. Kipimo cha wazazi hao hakina budi kutafutwa kwa njia nyingine, kwa kupima uzito wa vitambaa na kutenganisha maji ya chupa mwanzoni kabisa, kabla kondo la nyuma halijatoka.