Ngoja Ngoja Huumiza Matumbo: Somo Juu ya Kidole Tumbo

Hakuna mtu asiyepata kuumwa na tumbo. Huyu amekula kiporo kilichochacha, yule amekunywa maji ya mto yasiyochemshwa, na mwingine ameshiba kupita kiasi katika karamu. Kwa kuwa maumivu haya ni ya kawaida, watu wengi huyadharau. Mgonjwa hupewa dawa ya kuharisha, au hukandwa tumbo kwa maji ya moto, kisha huambiwa alale mpaka asubuhi. Mara nyingi kunapokucha huwa mzima, naye husahau.

Lakini kuna maumivu ya namna moja ambayo haifai kabisa kuyalalia. Nayo ni maumivu yatokayo katika kidole tumbo kilichovimba. Yafaa kila mtu, wa mjini na wa shamba, ayajue maumivu haya, kwa maana mgonjwa anayewahi hospitali hupona, na anayengoja huenda asipone.

Kuvimba ni nini?

Mtu akichomwa na mwiba mguuni naye asiutoe, kesho yake atapaona mahali pale pamevimba, pana joto, na panauma. Mwandishi mmoja wa Roma, jina lake Celsus, aliandika yapata miaka 2000 iliyopita ya kuwa dalili za hali hii ni nne: wekundu, uvimbe, joto na maumivu. Maneno yake yangali yanafundishwa katika vyuo vya uganga hata leo.

Wengine hudhani ya kuwa uvimbe ndio ugonjwa wenyewe. Sivyo. Uvimbe ni mwili unaojitetea. Vijidudu viingiapo pamoja na mwiba, mishipa midogo ya damu hupanuka ili damu nyingi ifike mahali pale. Maji ya damu huvuja kutoka katika mishipa, na chembe nyeupe za damu hutoka pamoja nayo kwenda kupigana na vijidudu hivyo. Mabaki ya vita hiyo, yaani chembe zilizokufa na vijidudu vilivyouawa, ndiyo usaha.

Mguuni kuvimba huku kuna nafasi. Ngozi huvutika, jipu huiva, na usaha hupata njia ya kutoka. Lakini tufikiri sasa juu ya mahali pembamba ndani ya mwili, palipofungwa pande zote, ambapo uvimbe hauna pa kwenda. Hapo jeshi lililokuja kuulinda mwili huweza kuuangamiza.

Kichochoro kisicho na pa kutokea

Utumbo wa mwanadamu una sehemu mbili kubwa, utumbo mwembamba na utumbo mpana. Mahali zinapokutana, upande wa kuume chini ya kitovu, pananing'inia kitu kidogo mfano wa kidole. Hicho ndicho kidole tumbo. Urefu wake kwa kawaida ni kati ya sentimita 6 na 10, na unene wake ni kama wa penseli nyembamba. Ndani yake mna uwazi mwembamba ambao upande mmoja umefunguka katika utumbo mpana, na upande wa pili umefungwa. Ni kama kichochoro kisicho na pa kutokea.

Mara nyingi ugonjwa huanza mlango wa kichochoro hicho unapoziba. Huenda ukazibwa na choo kilichokauka kikawa kigumu kama kijiwe, au na nyama za ndani zilizovimba kwa sababu ya maradhi mengine, au mara chache na minyoo. Watu wengi husema ya kuwa ugonjwa huu huletwa na mbegu za mapera au mchanga katika chakula. Mbegu huweza kuonekana humo, lakini ni nadra sana, na hakuna haja ya kumkataza mtoto kula matunda.

Mlango ukisha kuziba, ute wa ndani hauna pa kutokea, na vijidudu ambavyo siku zote hukaa utumboni huongezeka upesi. Mwili hupeleka damu na maji ili kupigana navyo, na kidole tumbo huvimba. Kadiri kinavyovimba ndivyo kinavyozidi kujibana chenyewe, kama mtungi wa togwa uliozibwa mdomo huku togwa inazidi kuchacha. Mwisho mishipa ya damu hubanwa, nyama hukosa damu na kuanza kufa. Hapo ukuta hutoboka, na usaha pamoja na uchafu wa utumbo humwagika ndani ya tumbo.

Mambo haya hayachukui majuma. Kwa wengine kidole tumbo hupasuka siku ya pili au ya tatu tangu maumivu yaanze, na kwa wengine mapema zaidi, hasa watoto wadogo.

Dalili zake

Ugonjwa huu huwapata watu wa kila umri, lakini zaidi vijana wa kati ya miaka 10 na 30. Tumfikirie kijana aliyekuwa mzima asubuhi. Adhuhuri asikia maumivu karibu na kitovu, wala hawezi kuonyesha kwa kidole mahali hasa panapouma. Chakula hakitaki. Jioni atapika mara moja au mbili. Usiku maumivu yahama, yashuka upande wa kuume wa tumbo, chini, karibu na nyonga, na sasa aweza kupaonyesha bila shaka. Akikohoa, akitembea, au gari likirukaruka katika barabara mbovu, maumivu yazidi. Tena ana homa kidogo.

Mbona maumivu huhama? Mishipa ya fahamu ya utumbo haielezi vizuri mahali penye shida. Hupeleka habari ya maumivu katikati ya tumbo tu. Lakini tumbo limefunikwa kwa ndani na utando ambao mishipa yake ya fahamu ni mikali kama ya ngozi. Uvimbe ukisha kuufikia utando huo, mgonjwa hujua hasa panapouma. Basi kuhama kwa maumivu ni ishara ya kuwa ugonjwa umesonga mbele.

Kuna jambo moja linalodanganya watu wengi. Pengine maumivu makali hupungua kwa ghafula, na jamaa humshukuru Mungu wakidhani mgonjwa amepona. Kumbe kidole tumbo kimepasuka. Baada ya muda tumbo lote huuma na kuwa gumu kama ubao, homa hupanda, na moyo hupiga mbio. Sasa ni utando wote wa tumbo uliovimba, nayo ni hatari kubwa ya kufa.

Si wagonjwa wote wenye dalili hizi zote. Kwa watoto wadogo na wazee dalili huwa si wazi. Kwa mwanamke mja mzito maumivu huweza kuwa juu zaidi ya mahali tulipotaja. Na mwanamke aliyekosa hedhi naye aumwa sana chini ya tumbo, huenda ikawa mimba imetunga nje ya mji wa mimba, jambo ambalo nalo halingoji hata saa moja.

Mfalme na daktari

Zamani hata waganga wakubwa wa Ulaya hawakuujua ugonjwa huu. Mwaka 1735 daktari Claudius Amyand alikitoa kidole tumbo cha mvulana mmoja huko London, na mvulana akapona, lakini ilipita zaidi ya miaka 100 kabla ya chanzo cha maumivu haya kufahamika. Mwaka 1886 Reginald Fitz, daktari wa Boston huko Marekani, ndiye aliyeeleza waziwazi ya kuwa chanzo ni kidole tumbo, na ya kuwa dawa yake ni kupasua mapema.

Mwaka 1902 Mfalme Edward wa Saba wa Uingereza alikuwa atawazwe tarehe 26 Juni. Wageni walikuwa wamekwisha kuwasili London kutoka nchi nyingi. Siku chache kabla ya sherehe Mfalme akashikwa na tumbo, na usaha ukatunga ndani. Hakutaka sherehe iahirishwe, lakini daktari wake, Frederick Treves, alishikilia ya kuwa asipopasuliwa atakufa. Alipasuliwa tarehe 24 Juni, usaha ukatolewa, naye akatawazwa tarehe 9 Agosti. Treves aliujua uchungu wa ugonjwa huu, kwa maana binti yake mwenyewe alikuwa amekufa kwa huo huo mwaka 1900.

Tena mwaka 1961 daktari Leonid Rogozov, Mrusi, alikuwa katika kambi ya utafiti kwenye barafu ya Antaktika. Alishikwa na ugonjwa huu, wala hapakuwa na daktari mwingine ila yeye. Usiku wa tarehe 30 Aprili alijipasua mwenyewe, wenzake wakimshikia kioo na taa. Alipona, na baada ya majuma mawili alirudi kazini. Yeye aliyeujua ugonjwa vizuri aliona heri kujipasua kwa mkono wake kuliko kungoja.

Matibabu na chakula

Siku hizi kupasuliwa kidole tumbo ni kazi ya kawaida katika hospitali zenye chumba cha upasuaji. Mgonjwa hulazwa usingizi kwa dawa, hasikii maumivu, na aliyewahi hurudi nyumbani baada ya siku chache. Hakosi kitu, kwa kuwa mtu huishi vema bila kidole tumbo. Wengine ambao ugonjwa wao ni mdogo huweza kutibiwa kwa dawa za kuua vijidudu chini ya uangalizi wa daktari. Lakini uchunguzi uliofanywa Ufini ulionyesha ya kuwa karibu watu 4 katika 10 waliotibiwa hivyo walirudiwa na ugonjwa katika muda wa miaka 5. Basi mtu asijinunulie dawa dukani akadhani amepona.

Daktari Denis Burkitt, aliyefanya kazi Uganda tangu mwaka 1946, alitambua ya kuwa ugonjwa huu ulikuwa nadra miongoni mwa watu wa vijijini, ambao walikula nafaka zisizokobolewa, maharagwe na mboga, na choo chao kilikuwa laini. Alifikiri ya kuwa vyakula vya mjini vilivyokobolewa sana ndivyo viletavyo ugonjwa. Wataalamu hawajakubaliana wote juu ya jambo hilo, na hata mla mboga huweza kuugua. Hata hivyo chakula cha namna hiyo kina faida nyingi kwa tumbo, wala hakina hasara.

Mambo ya kukumbuka

1. Maumivu ya tumbo yanayozidi kwa muda wa saa 6 bila kupoa, au yanayohamia chini upande wa kuume, yapelekwe kwa daktari siku ile ile, hata kama ni usiku.

2. Mgonjwa asipewe dawa ya kuharisha, wala mafuta ya nyonyo, wala maji ya kusafisha tumbo kwa nyuma. Mambo haya huulazimisha utumbo kujikaza, na huweza kukipasua kidole tumbo.

3. Tumbo lisikandwe, lisisuguliwe, wala lisichanjwe.

4. Asile wala asinywe kitu njiani, kwa sababu huenda akahitaji kupasuliwa mara afikapo.

5. Ikiwa amekwisha kunywa dawa yoyote, hata ya miti shamba, amwambie daktari bila kuficha.

6. Zahanati ikisema apelekwe hospitali kubwa, jamaa wasirudi nyumbani kwanza kufanya shauri. Mmoja aende na mgonjwa, na wengine watafute fedha nyuma yao.

Wazee wetu walisema ngoja ngoja huumiza matumbo. Msemo huu hutumiwa katika mambo mengi, lakini kwa mwenye kidole tumbo ni kweli neno kwa neno. Daktari akikuambia ya kuwa tumbo lako halina neno, umepoteza nusu siku tu. Lakini ukingoja mpaka kidole tumbo kipasuke, huenda nusu siku hiyo ndiyo iliyokuwa maisha yako.