Dhana ya Kudharau Mahakama katika Migogoro ya Sajili za Ardhi Nchini Kenya

Utangulizi

Makala hii inachunguza dhana ya kudharau mahakama pale afisa wa umma anapoamriwa kurekebisha sajili ya ardhi, naye asitekeleze. Suala hili lina uzito mkubwa. Kifungu cha 26 cha Sheria ya Usajili wa Ardhi ya 2012 huichukulia hati miliki kuwa ushahidi wa awali wa umiliki, japo inaweza kupingwa, kwa mfano kwa sababu ya ulaghai. Kifungu cha 80 huiruhusu mahakama kuamuru usajili ufutwe au urekebishwe. Lakini hukumu haijiandiki yenyewe sajilini. Mshindi wa kesi anaweza kurudi nyumbani na hukumu mkononi, ilhali jina la mshinde lingali sajilini na mnunuzi mwingine yu njiani.

Maana ya dharau

Katika matumizi ya kawaida, dharau ni hali ya kukosa heshima: mtu hubeua mdomo au hujibu kwa kebehi. Katika muktadha huu wa kisheria, kinachopimwa ni tendo la kukaidi amri kwa makusudi. Afisa mwenye maneno matamu, anayemwambia mwananchi 'njoo kesho' mwaka mzima, anaweza kupatikana na hatia. Mwenzake anayenung'unika lakini akatekeleza amri hajaikaidi. Kwa hiyo, istilahi 'ukaidi wa amri' inabainisha kosa hili vyema zaidi.

Vigezo na lugha ya amri

Mahakama za Kenya hutumia vigezo vinne: amri iwe wazi na yenye kumfunga mhusika, awe na habari nayo, awe ameivunja, na awe amefanya hivyo kwa makusudi. Tangu uamuzi wa Mahakama ya Rufaa wa 1985, kiwango cha uthibitisho kinachotakiwa ni cha juu kuliko cha kesi za kawaida za madai, kwa kuwa uhuru wa mtu umo hatarini.

Kigezo cha kwanza ni cha kiisimu. Tuchukue mifano miwili ya kubuni:

(a) Sajili irekebishwe ipasavyo.
(b) Msajili wa Ardhi afute jina la mshtakiwa na aandike la mlalamishi katika muda wa siku 30.

Katika (a), kauli ya kutendwa imemficha mtenda: kiambishi i- kinarejelea sajili, si mtu. Neno 'ipasavyo' nalo halina kipimo. Katika (b), mtenda, tendo na muda vimetajwa. Mlalamishi mwenye amri ya aina ya (a) huenda akashindwa, si kwa kukosa haki, bali kwa kukosa sentensi.

Mabadiliko ya sheria

Sheria ya Kudharau Mahakama ya 2016 ilitaka asasi ya serikali ipewe ilani ya siku zisizopungua 30 kabla ya hatua kuchukuliwa. Mwaka 2018 Mahakama Kuu iliibatilisha sheria hiyo yote kwa kukiuka Katiba, na mahakama zikarejelea kifungu cha 5 cha Sheria ya Mahakama, Sura ya 8. Aidha, kifungu cha 29 cha Sheria ya Mahakama ya Mazingira na Ardhi ya 2011 kinaweka adhabu ya faini isiyozidi shilingi milioni 20, kifungo kisichozidi miaka 2, au vyote viwili.

Ikumbukwe pia kwamba kukata rufaa pekee hakusimamishi utekelezaji. Afisa asiyeielewa amri anapaswa kurudi mahakamani kuomba ufafanuzi, wala si kuikalia.

Hitimisho

Imebainika kwamba nguvu ya amri hutegemea sheria na sarufi kwa pamoja. Wahenga walisema sheria ni msumeno, hukata mbele na nyuma. Humkata mwananchi na afisa vilevile. Hata hivyo, msumeno butu haukati. Kwa kuwa Kifungu cha 7 cha Katiba ya 2010 kimekifanya Kiswahili kuwa lugha rasmi, ni jukumu la wanafunzi na wahadhiri wa Kiswahili kuunoa, kwa kusanifu istilahi na miundo ambayo haimwachii mkaidi pa kujificha.