Mkisameheana, Je, Kesi Imekwisha?



Katika jumuiya zetu jambo hili hutokea mara kwa mara. Mume amempiga mkewe. Mke ameripoti polisi, daktari amejaza fomu ya P3, na mume amefikishwa mahakamani. Baada ya wiki chache wazee wa pande mbili wanakaa, mume anaomba msamaha, na mke anamsamehe. Sasa wote wanataka kesi ifutwe. Je, yawezekana? Tujifunze pamoja hatua kwa hatua.

1. Kesi ni ya nani?
Wengi hufikiri kesi ni ya mke, hivyo akisema basi, ni basi. Sivyo. Mashtaka ya jinai huletwa na Jamhuri. Mke ni mlalamishi na shahidi. Kifungu cha 204 cha sheria ya utaratibu wa kesi za jinai kinamruhusu mlalamishi kuomba kuondoa malalamiko yake kabla ya uamuzi wa mwisho. Lakini ni lazima hakimu aridhike kwamba sababu zake zinatosha. Ndiyo maana hakimu aweza kumwuliza: Mama, umekuja kwa hiari yako? Kuna mtu aliyekutisha? Usikasirike ukiulizwa hivyo. Swali hilo ni ngao yako.

2. Kosa lina uzito gani?
Katiba ya mwaka 2010, kifungu cha 159, inazitaka mahakama zihimize upatanisho. Kifungu cha 176 cha sheria niliyoitaja kinampa hakimu nafasi ya kupatanisha watu katika shambulio la kawaida, ambalo adhabu yake haizidi mwaka 1, na katika makosa mengine ya kibinafsi yasiyo mazito. Aweza kukubali fidia au masharti mengine, kisha akaisimamisha kesi. Lakini kosa la kumdhuru mtu vibaya, kwa mfano kumwachia kilema cha maisha, adhabu yake yaweza kufikia kifungo cha maisha. Kifungu cha 176 hakigusi kosa kama hilo, hata wazee wakichinja mbuzi kumi.

3. Akipatikana na hatia je?
Hapa upatanisho bado una kazi. Mwongozo wa mahakama wa mwaka 2016 kuhusu utoaji wa adhabu ulihesabu juhudi za kulipa fidia na kupatana, zilizofanywa kabla ya mtu kutiwa hatiani, kuwa jambo la kupunguza adhabu. Angalieni neno "kabla". Machozi yanayoanza siku ya hukumu hayana uzito huo. Tena, kutumia silaha au kuwa na hatia za zamani huongeza adhabu.

Hakimu aweza kumtuma afisa wa probesheni afike nyumbani, azungumze na mke, majirani na chifu. Ripoti ikiwa njema, mume aweza kuwekwa chini ya uangalizi kwa miezi 6 hadi miaka 3, au kupewa kazi za jamii chini ya sheria ya mwaka 1998. Hivyo watoto hawakosi karo, na mume anaendelea kuchungwa. Mama naye ana haki, chini ya sheria ya kulinda waathiriwa ya mwaka 2014, kueleza jinsi alivyoumia. Kusamehe hakumzuii kusema ukweli.

4. Upatanisho wa kweli ni upi?
Mume anakiri kosa bila kusema "ulinikasirisha". Analipa gharama za hospitali. Anaacha kile kinachomchochea, kama ni pombe. Anakubali kufuatwa na paroko na wasimamizi wa ndoa. Mke naye yuko huru kukataa, wala hatishiwi kunyang'anywa watoto.

Ikiwa hatari bado ipo, sheria ya mwaka 2015 kuhusu ukatili wa nyumbani inamruhusu aombe amri ya ulinzi mahakamani. Kanisa pia halimlazimishi kukaa penye hatari: Kanuni ya 1153 inamruhusu kutengana na mwenzi anayemhatarisha yeye au watoto, na kama kuchelewa kuna hatari, hata kwa uamuzi wake mwenyewe. Moyo waweza kusamehe leo, na mwili ukangoja mpaka nyumba iwe salama.

Nanyi wazee na wakwe, msimsukume mama afute kesi ili jina la ukoo lisichafuke. Usipoziba ufa, utajenga ukuta. Na mara nyingine ni kaburi linalochimbwa.

Maswali ya kuzungumza nyumbani:
– Je, katika ukoo wetu, anayeombwa avumilie ni nani kila mara?
– Tukikosana, tumekubaliana tumwite nani kabla mkono haujainuliwa?
– Je, tunajua ofisi ya probesheni iliyo karibu nasi ni ipi?