UDONGO WA KUFUGIA SISIMIZI

Huenda ukacheka ukisikia kwamba mwanafunzi wa kidato cha tatu anafuga sisimizi. Cheka tu. Mimi nilikaribia kulia muhula wa kwanza, kwani sisimizi wangu wote, wapatao 40, walikufa kwa usiku mmoja, siku mbili tu kabla ya kuwaonyesha wenzangu darasani.

Kosa lilikuwa la udongo. Niliuchota katika shamba letu la mahindi hapa Kitale, bila kukumbuka kwamba baba alikuwa amenyunyiza dawa ya viwavijeshi wiki hiyo. Tangu wadudu hao waingie Trans Nzoia mwaka wa 2017, dawa imekuwa jambo la kawaida mashambani, nayo ikiua kiwavi haimwachi sisimizi. Basi usichote udongo shambani, hata uwe mzuri namna gani.

Likizo ya Aprili nilienda kwa nyanya, Bungoma, upande wa Webuye. Nikajaribu mchanga wa mto Nzoia peke yake. Ulikuwa safi, lakini ulipokauka mashimo yote yaliporomoka. Nikajaribu udongo wa mfinyanzi kutoka bondeni. Huo nao ukakauka kama tofali, ukapasuka, sisimizi wakashindwa kuchimba. Nyanya alikuwa akichambua mboga, ananitazama tu. Mwishowe akasema, "Mjukuu wangu, tukikandika ukuta hatuweki udongo mtupu wala mchanga mtupu. Kwani nyumba ya sisimizi si nyumba?"

Kumbe jibu lilikuwa ukutani! Nikachanganya makopo matatu ya mchanga na kopo moja la udongo wa mfinyanzi uliopondwa.

Kwanza chekecha (usitumie chekecheo la unga la mama, mimi nilisemwa siku nzima). Ondoa mizizi na majani, maana yakioza huleta ukungu. Kisha kaanga mchanganyiko huo katika karai kuukuu kwa dakika 30 hivi, ukikoroga, ili mayai ya wadudu wengine na ukungu vife. Uache upoe hadi kesho yake.

Maji ndiyo mtihani wenyewe. Nyunyiza kidogo kidogo, halafu ukamate udongo kwenye ngumi. Ukifungua kiganja ukawa umeshikana, lakini ukiugusa kwa kidole unavunjika, uko sawa. Maji yakichuruzika kati ya vidole, ongeza udongo mkavu.

Tafuta chupa kubwa ya jemu. Simamisha chupa ndogo iliyofungwa ndani yake, kisha ujaze udongo katikati ya hizo mbili, ukishindilia polepole kwa kijiti. Hivyo sisimizi watachimba karibu na kioo nawe utawaona. Zungushia gazeti nje, kwani hawapendi mwanga, na utoboe kifuniko kwa sindano.

Mwenzangu mmoja aliniuliza kama siafu wanafaa. Wacha! Siafu ni watu wa kuhamahama, hakuna udongo utakaowatuliza. Chukua sisimizi weusi wa kando ya nyumba, wachache tu, na malkia usimguse. Mwezi wa Mei 2025 mahakama moja Nairobi iliwatoza vijana wawili wa Ubelgiji faini ya shilingi milioni moja kila mmoja. Walipatikana na malkia wapatao 5,000 ndani ya vichupa vyenye pamba. Bila malkia sisimizi hawazaliani, lakini huchimba kwa wiki kadhaa, na kwa somo letu hiyo yatosha.

Wangu niliwatoa nyuma ya jikoni kwa nyanya. Nilisafiri nao kwa matatu hadi Kitale, chupa mapajani, kondakta akiuliza kama ni asali. Barabara ile mnaijua, lakini hakuna shimo hata moja lililoporomoka. Sasa ni wiki ya tano. Wamechimba njia tatu hadi chini, na pembe moja wameifanya mahali pa kutupa wenzao waliokufa. Shule zikifungwa nitawarudisha kwa nyanya, palepale nilipowatoa.